Baharia wa Sita

Luned Maddocks alikuwa amechuchumaa kizingitini, anakwangua bati la kuokea nyama kwa kisu butu, aliposikia kwamba mjomba wa mumewe ataonekana kwenye televisheni saa kumi jioni hiyo hiyo. Ilikuwa Jumapili, na mji mzima wa bondeni ulijua kwamba mwanamke mwenye heshima hakwangui kitu mlangoni siku ya Jumapili. Lakini sinki lilikuwa limeziba tangu Ijumaa, na fundi wa sinki alikuwa ni Trefor mumewe, ambaye wakati huo alikuwa amelala sebuleni kajifunika gazeti usoni. Mlango wa pili ulikuwa wa mkahawa wa Aldo Zanelli, na chini ya dirisha la mkahawa kulikuwa na benchi la wabishi wa mtaa. Kwa sheria ya huko Wales baa zote zilifungwa Jumapili, kwa hiyo wanaume ambao siku nyingine wangebishana wamelewa, siku hiyo walibishana wakiwa na akili zao timamu, na Luned aliona hiyo ndiyo mbaya zaidi. Huko bondeni akina Jones na akina Evans ni wengi kuliko kondoo, basi mtu huitwa kwa kazi yake ili barua zimfikie. Idwal Jeneza alichonga majeneza. Gwilym Basi alikata tiketi za basi mpaka miguu ikamgomea. Na mjomba wa Trefor, Haydn Prosser, waliyemwita Holiwudi, alikuwa mwigizaji wa filamu, ingawa safari zake zote za usanii ziliishia kwenye studio moja nje ya London yenye paa linalovuja.

– Ni ile ya nyambizi! – Idwal alisema, akipiga gazeti kwa mgongo wa mkono. – Someni wenyewe. Saa kumi kamili. Nyambizi imekwama chini ya bahari, hewa inaisha, wanaume wanalia. Ya Holiwudi wetu!

– Lete hapa nione, – Gwilym Basi akanyakua. – Miwani yangu iko wapi?

– Puani.

– Ahaa. Ndiyo yenyewe. Mama yangu! Miaka ishirini imepita, na bado hewa haijaisha.

Aldo akatoka na birika la kahawa. Babu yake alitoka Italia akisukuma mkokoteni wa aiskrimu, lakini Aldo mwenyewe alizaliwa juu ya duka hilo hilo, na kwa ubishi alikuwa Mwelshi kuliko wote.

– Kwa Luned! – alisema Aldo. – Televisheni yake picha haichezi. Luned, umesikia? Tunakuja kwako.

– Nimesikia, – alisema Luned bila kuinua kichwa. – Mkija, vueni viatu. Na mmoja wenu aje na bomba la kuzibulia sinki.

Hakuna aliyesikia habari ya bomba. Luned akaendelea kukwangua. Mjomba Haydn alikuja kwake kukaa wiki mbili, mpaka apate simu kutoka London. Huu ulikuwa mwaka wa tisa. Alilala chumba cha nyuma, na watoto watatu walilala pamoja chumba cha mbele, wakipigana mateke kama ndama. Kila asubuhi alinyoa ndevu akiimba, akavaa koti lake refu la London, akashuka kwenye benchi na kusimulia jinsi alivyobaki chini ya bahari na wenzake. Benchi lilimlipa kwa kahawa. Kusema kweli, bila ile nyambizi Mjomba Haydn angekuwa mzee tu mwenye koti.

– Sasa niwakumbushe, – alianza Gwilym, akijinyoosha kama mtu aliyepewa kipaza sauti. – Mle ndani Holiwudi ni mkono wa kulia wa nahodha. Nahodha akikohoa, Holiwudi anashika usukani. Ndiyo wahenga wakasema, mtaka cha mvunguni sharti ainame.

– Hiyo inahusu nini?

– Nyambizi, bwana! Iko chini!

– Wewe Gwilym ulikuwa unaangalia filamu au unahesabu abiria? – Idwal alimkata. – Holiwudi ni yule aliyekufa. Yule wa kwanza. Nakwambia mimi, nimewavalisha soksi marehemu wa bonde hili lote, sijaona maiti iliyotulia vile. Hata kope! Mtu akifa kwenye filamu utaona tumbo linapanda, linashuka. Yeye, wapi! Maiti bora Uingereza nzima.

– Kama alikufa wa kwanza, mbona anasimulia mpaka mwisho?

– Kinyozi hajinyoi, Gwilym.

– Ala!

– Ndiyo! Ndiyo maana wote mle walikuwa na ndevu.

Aldo akamimina kahawa, akatikisa kichwa kwa huruma.

– Nyinyi watoto wadogo. Mnamjua yule nyota mkubwa, yule mwenye kidevu? Hajui kuogelea. Tena anaogopa maji hata ya kikombe. Kila panapoonekana mgongo, kisogo, mkono ndani ya maji, huyo ni Holiwudi. Filamu nzima kabeba yeye. Kidevu tu ndicho si chake.

– Nani kakwambia?

– Inajulikana.

– Basi kama ni hivyo, – Gwilym alishusha sauti na kuangalia mlima kama mlima unasikiliza, – na mimi niseme. Ile nyambizi haikuwa ya mbao. Ilikuwa ya kweli, ya serikali. Yule nahodha wa kweli alilewa siku hiyo, nani akaitoa bandarini? Mnadhani kwa nini hakuigiza tena filamu kubwa? Aliyaona ya huko chini. Walimwambia: Prosser, rudi kwenu Wales, kaa kwenye benchi, kunywa kahawa, funga mdomo.

– Lakini hajafunga mdomo hata siku moja, – alisema Luned kutoka kizingitini.

– Huo ndio ujanja wake! Nani atamshuku mtu anayesema kila siku?

– Na Malkia anajua? – aliuliza Idwal.

– Malkia ndiye aliyemnunulia lile koti.

Luned alitaka kusema kwamba lile koti amelitia viraka yeye mwenyewe mara mbili, lakini alimwona Mchungaji Tegwyn Lloyd anakuja na barabara, amevaa kola yake mpya. Alikuwa kijana wa kaskazini, hata mwezi hajamaliza pale mjini. Luned akalisukuma bati nyuma yake na kulikalia. Mafuta ya kondoo yakaanza kupenya taratibu kwenye sketi yake ya kanisani.

– Amani iwe nanyi, – alisema Mchungaji. – Nasikia kelele mpaka kanisani. Kuna msiba?

– Msiba gani, Mchungaji! Furaha! – Idwal akamsogezea nafasi. – Kaa hapa. Mgeni njoo mwenyeji apone. Ndugu yetu Holiwudi, Bwana Prosser, anaonyeshwa leo duniani kote.

– Kwa Luned, – alisahihisha Aldo.

Mchungaji akaketi na kupewa kikombe. Aliuliza ni filamu gani, wakamwambia wote kwa pamoja: nyambizi, maiti, kidevu, Malkia. Akasikiliza kwa adabu mpaka wakaishiwa pumzi.

– Na nyinyi mliiona?

– Tuliiona? – Gwilym alichukizwa. – Ilipoletwa Ukumbi wa Wachimbaji, mji mzima ulikuwa mle. Watu walikaa kwenye ngazi. Mimi niliiona mara tatu!

– Sasa Bwana Prosser ni yupi mle?

Idwal alitazama ndani ya kikombe chake. Aldo alifuta birika ambalo lilikuwa safi.

– Yupi? – Gwilym alirudia, kana kwamba neno lenyewe lina makosa. – Mle ndani kuna giza, Mchungaji. Ni nyambizi. Wote wana ndevu.

– Lakini jina lake mliliona?

– Majina yalikuwa yanakuja mwishoni.

– Ndiyo. Na mwishoni?

Wale watatu wakatazamana. Luned, juu ya bati lake, alijua jibu tangu utoto, maana yeye mwenyewe alilelewa kwenye viti vile vile. Mwishoni ulipigwa wimbo wa taifa, ule wa kumwombea Malkia, na mtu akiukuta wimbo alipaswa asimame wima mpaka uishe. Wachimbaji wa makaa wa bonde lile hawakuwa na ugomvi na Malkia, ila hawakuona sababu ya kumsimamia baada ya kukatika migongo wiki nzima. Tena basi la mwisho lilikuwa linanguruma nje. Kwa hiyo nyambizi ilipoanza tu kupanda juu ya maji, mji mzima uliinuka kama kundi la bata na kukimbilia mlangoni, kofia mkononi. Hakuna mtu wa bonde lile aliyewahi kuona mwisho wa filamu yoyote.

– Mwishoni tulikuwa mlangoni, – alisema Idwal Jeneza hatimaye, kwa sauti aliyozoea kuitumia kwa wafiwa.

Aldo akainamisha birika juu ya kikombe cha Mchungaji. Likatoa tone moja, kisha likatoa hewa.

– Basi leo tutamwuliza mwenyewe, – alisema Mchungaji. – Yuko wapi?

Luned akageuka kutazama ngazi za ndani. Mjomba alikuwa mezani mchana, alikula vizuri, akapanda juu. Hakuwa amekuja kwenye benchi. Kwa miaka tisa hakuwahi kukosa benchi siku ya Jumapili.

– Mimi nimemwona, – alisema Gwilym. – Kituoni. Nilipokuwa nakuja.

– Kituoni kufanya nini?

– Amekaa. Ana begi.

– Gwilym! Umemwona mzee na begi kituoni, na umekaa hapa saa nzima unanieleza habari za Malkia?

– Abiria hubeba mabegi, Luned. Nilifikiri anasubiri basi.

– Basi gani?

– La Cardiff. Jumapili ni moja tu, linapita sasa hivi.

Luned akainuka. Bati likainuka naye kidogo, likaachia, likadondoka kwa kishindo. Akaliokota na kulitia mikononi mwa Mchungaji.

– Shika hili, – alisema, akaondoka na aproni yake.

Kituo kilikuwa chini ya mteremko, karibu na ule Ukumbi wa Wachimbaji, ambamo sasa wanawake hucheza bingo. Njiani Luned aliwaza kile kilichokuja chenyewe: chumba cha nyuma. Glenys, binti yake mkubwa, angepata chumba chake, wadogo zake wangelala bila mateke. Sahani moja pungufu, mashati mawili pungufu kwa wiki, na hakuna wa kuimba bafuni kabla hakujakucha. Aliwaza yote hayo bila aibu, maana mama wa watoto watatu hana muda wa kuona aibu ya mawazo. Miguu yake, hata hivyo, ilikuwa inakimbia.

Alimkuta ameketi wima, koti limefungwa vifungo vyote, begi magotini.

– Mjomba. Safari ya wapi?

– Cardiff, halafu London. Wamenipigia simu.

– Simu yetu imekatika tangu Pasaka.

Mzee akalikumbatia begi. Alikuwa na sauti nzito ya kanisani, lakini alipozungumza tena sauti ilikuwa ya mtu mwingine kabisa.

– Mimi simo, Luned.

– Humo wapi?

– Kwenye filamu. Nilipigwa picha wiki tatu. Nilikuwa na sehemu yangu: nafunga mlango wa chuma, rafiki yangu yuko upande wa pili, maji yanaingia. Sikusema neno, nilifunga tu. Mafundi wa taa walilia. Halafu wakaona filamu ni ndefu, wakaikata sehemu yangu yote. Hakuna aliyeniambia. Nilimpeleka mama kuitazama, kule London. Amevaa kofia mpya. Kila sura ikitokea ananiuliza, ni wewe? Namwambia, bado. Filamu ikaisha.

– Wala hawakukuandika?

– Waliniandika. Majina yalishatengenezwa, hayakufutwa. Mwishoni kabisa. Baharia wa Sita. Lakini watu wa mbele walisimama kukimbia wimbo, na mama alikuwa mfupi.

Basi likatokea kwenye kona, likipanda kwa kukohoa. Mzee akasimama.

– Mji huu umenipa kahawa miaka tisa kwa kitu ambacho hakipo. Leo watakaa, watangoja nitokee, na mimi nimo humo chumbani nao. Niliwahi kukaa hivyo mara moja. Siwezi mara ya pili.

Luned alikuwa na maneno mengi, ila hakuwa na ya kubembeleza. Hayo hakuwahi kuwa nayo.

– Watakucheka, – alisema. – Sitakudanganya. Watacheka mpaka Jumatano. Alhamisi Gwilym atafanya upuuzi, watahamia kwake. Ni zamu. Mimi walinicheka mwaka mzima nilipoanguka ndani ya jeneza la Idwal. Sikuhama.

– Wewe hukuwadanganya.

– Jina lipo au halipo?

– Lipo.

– Basi hukudanganya sana. Na chakula ni saa kumi na mbili. Nyama iliyobaki mchana nimeshaikata kwa hesabu yako ukiwemo. Ukienda nitabaki na kipande kimoja, na watoto watatu watakigombania mpaka mmoja atoke damu. Umenitafutia kazi?

Basi likasimama, mlango ukafunguka. Dereva akawatazama.

– Mnapanda?

Luned akamwangalia mzee. Hakumshika mkono. Alichukua begi tu, maana mikono yake ilizoea kubeba mizigo ya watu.

– Nenda, bwana, – mzee akamwambia dereva.

Walipofika nyumbani nyambizi ilikuwa imeshazama na sebule imejaa. Trefor alikuwa ameamka na kusogezwa pembeni. Mchungaji alikuwa jikoni, mikono ya shati imekunjwa, anamalizia kukwangua lile bati, na hakuna aliyejua kama hiyo ni dhambi au ni huduma. Walipomwona mzee wakapiga makofi.

– Holiwudi! Uko wapi mle? Bado hujatokea?

– Tazameni filamu, – alisema Luned. – Nyumba yangu haina kelele.

Wakatazama. Viti vilikuwa vimeisha, basi Gwilym akakalia begi la mzee. Kila ndevu zilipotokea Idwal aliguna, akageuka kumwangalia mzee, na mzee aliangalia magoti yake. Maiti ya kwanza ilikuwa ya mtu mnene mwenye upara, na tumbo lake lilipanda na kushuka waziwazi. Idwal akajikuna. Kisogo ndani ya maji kilikuwa cha yule yule mwenye kidevu, akiogelea vizuri tu. Aldo akajifanya anafuta miwani, na hakuwa na miwani. Luned alikuwa akikaanga viazi, anatokeza kichwa, anarudi. Aliona shingo ya mzee inazidi kuzama ndani ya kola.

Hatimaye nyambizi ikaanza kupanda. Maji yakawa meupe, muziki ukavimba, na hapo Gwilym, Idwal, Aldo na Trefor wakasimama kwa pamoja, kofia mkononi. Hakuna aliyewaamuru. Hapakuwa na wimbo wa Malkia, wala basi nje. Miguu yenyewe ilikumbuka.

Lakini mlangoni alikuwa amesimama Luned, na kikaango cha viazi mkononi, mafuta bado yanachemka.

– Kaeni chini.

– Lakini Luned, imeisha…

– Haijaisha. Kaeni. Hakuna mtu anayetoka nyumba hii mpaka yasomwe yote.

Wakakaa. Na kwa mara ya kwanza katika historia ya bonde lile, watu walitazama mwisho wa filamu. Majina yakapanda polepole: nahodha, daktari, mke wa nahodha, mpishi. Baharia wa Kwanza. Wa Pili. Mzee alikuwa ameacha kuangalia magoti. Wa Tano. Kisha chini kabisa, kwa herufi ndogo, jina likapanda likiwa peke yake, Baharia wa Sita, Haydn Prosser, na Glenys akalisoma kwa sauti kubwa ya shule, na likapita, likaisha.

Mchungaji, kijana wa watu, alifungua mdomo, na Luned akajua ni swali gani linakuja. Akamkazia macho na kikaango. Mchungaji akaufunga mdomo.

– Si niliwaambia! – Idwal Jeneza akaruka. – Nilimwona! Yule aliyeshika taa! Kope hazikupepesa!

– Taa gani? Ni yule wa kushoto kwa usukani! – Gwilym akapiga begi kwa kisigino. – Nimemtambua kwa mabega!

– Mabega yapi, ameinama mwanzo mpaka mwisho? Huyo aliyefungua bomba la hewa ndiye Holiwudi! – alisema Aldo. – Pasipo yeye wote wangekufa. Sivyo, Holiwudi? Sema wewe.

Wote wakamgeukia. Mzee alimtazama Luned, na Luned alikuwa anagawa viazi. Mzee akatoa leso ya London, akapenga kamasi kwa sauti ya tarumbeta.

– Mle ndani kulikuwa na giza, – alisema. – Hata mimi mwenyewe sikujiona vizuri.

– Si unaona! Mtu mnyenyekevu! Samaki mkunje angali mbichi, – alisema Gwilym, na hakuna aliyemwuliza kwa nini.

– Mezani, – alisema Luned.

Wakasogea kwa kubanana, viwiko ndani ya viwiko. Nyama ilikuwa imekatwa kwa watu sita, kwa hiyo Luned aliirudia kwa kisu kikali, kila kipande akakifanya viwili, mpaka mwanga ukapita ndani yake. Kachumbari ya kabichi nyekundu ikazunguka, mkate ukazunguka. Mchungaji aliomba baraka fupi, kwa kuwa alikuwa ameshamjua mwenye nyumba. Luned alibaki amesimama na sahani yake mkononi, mafuta ya kondoo yamekauka nyuma ya sketi, akapitisha macho kama anavyofanya kila jioni: Glenys, Carwyn, kitinda mimba chini ya meza akichezea buti za Idwal, Idwal mwenyewe, Trefor, Aldo, Mchungaji, Gwilym juu ya begi, ambalo lisingeweza kwenda popote maadamu yeye anakula, na pale karibu na jiko, koti limefunguliwa vifungo, Mjomba Haydn, anaomba haradali.

– Wote wapo, – alisema, akaketi. – Na sinki bado limeziba.